Msimu wa Kwanza Ambao Tabora Haijauandika

Tarehe 9 Januari 2000, kituo cha televisheni cha Fox cha Marekani kilianza kuonyesha Malcolm in the Middle, vichekesho vya kifamilia vilivyotungwa na Linwood Boomer. Katika sehemu ya kwanza, mwalimu anabisha hodi nyumbani kwa kina Malcolm akiwa na habari ambayo mzazi wa Tabora, Nzega au Urambo angeichinjia jogoo. Mtoto amepimwa akili, amefikisha 165, na shule inataka kumhamishia darasa la watoto wenye vipaji. Mama yake, Lois, anajawa na furaha. Malcolm mwenyewe anaomba aachwe alipo, kwa sababu anawajua wenzake na anajua watakachomfanya wakati wa mapumziko.

Msimu huo wa kwanza una sehemu 16, na zote zimesimama juu ya jambo moja ambalo Mmarekani huenda halioni kwa kuwa amelizoea. Darasa la wenye vipaji liko ndani ya shule ileile, kwenye banda la kuhamishika lililowekwa uani. Kengele ya mwisho ikilia, Malcolm anarudi nyumbani, kwenye chumba anacholala na kaka yake Reese, mbabe wa shule, na mdogo wao Dewey. Kazi za nyumbani zinamsubiri kama zinavyowasubiri wengine. Lois anafanya kazi dukani, anarudi amechoka, na hana nafasi ya kumnyenyekea mtoto eti kwa sababu karatasi imesema ana akili.

Aliyepelekwa bweni katika nyumba hiyo ni mmoja tu: Francis, kaka mkubwa. Yuko kwenye chuo cha kijeshi, mbali, na kilichompeleka ni utundu uliomshinda mama yake. Tunamsikia kwenye simu akiwashauri wadogo zake namna ya kumkabili Lois, na tunaona jinsi kukosekana kwake kunavyoendelea kuisumbua nyumba. Kwao bweni ni adhabu. Kwetu mtundu hubaki akichunga mbuzi na kutumwa dukani, na mwenye akili ndiye anayefungiwa tranka.

Miaka 17 baadaye kituo cha CBS kilianza kuonyesha Young Sheldon, habari za mtoto wa miaka tisa wa Texas anayeingia sekondari na kuketi darasa moja na kaka yake mkubwa. Huko nako mtoto anakula mezani kwao kila jioni. Vichekesho vya namna hiyo haviwezi kusimama bila meza hiyo, na ndiyo maana nimekuwa nikijiuliza vitasimamaje kwetu.

Tanzania ina shule saba za sekondari za serikali ambazo kwa miaka mingi zimejulikana kama shule za vipaji maalumu. Kwa wavulana ni Ilboru, Kibaha, Mzumbe na Tabora Boys. Kwa wasichana ni Kilakala, Msalato na Tabora Girls. Mbili kati ya hizo saba ziko Tabora mjini. Anayepangiwa huko amewashinda wenzake kwenye mtihani wa kumaliza shule ya msingi, na mara nyingi ni mtoto ambaye kijiji kizima kilikuwa kikimjua tangu darasa la tatu, yule anayeitwa kuwasomea wazee barua na kukagua chenji ya bibi anayetoka gulioni.

Majina yakitoka, furaha hudumu siku chache, kisha huja fomu ya maelekezo. Godoro, shuka, ndoo, jembe au fyekeo, sare, viatu vyeusi, madaftari, tranka na kufuli lake. Ada ilifutwa kuanzia 2016, lakini vitu hivyo na nauli bado viko mikononi mwa mzazi, tena Januari, mwezi ambao mkulima wa tumbaku wa Tabora ameshazika fedha yake yote shambani na malipo ya chama cha msingi yako mbali. Katika nyumba nyingi huuzwa kitu. Mbuzi anaondoka, au gunia la mpunga lililowekwa kwa ajili ya miezi ya njaa. Kaka aliyekuwa akitarajia baiskeli anaambiwa asubiri. Dada aliyefaulu pia, lakini kwa alama za kawaida, anakwenda shule ya kata kwa miguu na viatu vya mwaka jana. Hakuna anayelalamika kwa sauti, maana nani atalalamikia baraka?

Hapo ndipo penye kisa. Nyumba nzima imechangia kipaji cha mtu mmoja, kila mmoja kwa kiasi chake, na mchango huo hauandikwi popote.

Katika njia hii ya magharibi, kuaga ni mambo ya zamani. Kabla ya shule na kabla ya reli, wasafiri waliuita mji huu Kazeh, na ulikuwa kituo kikubwa kwenye njia ya misafara kutoka Bagamoyo kwenda Ujiji. Burton na Speke walifika Novemba 1857, baada ya mwendo wa zaidi ya miezi minne kutoka pwani. Livingstone na Stanley walikaa pamoja Kwihara, nje kidogo ya mji, mwanzoni mwa 1872. Hao vitabu vimewashughulikia vya kutosha. Waliobeba mizigo yao, na pembe na vitambaa vya wafanyabiashara wa njia ile, wengi walikuwa vijana wa Kinyamwezi, kila mmoja na kilo 30 hivi begani. Waliondoka kiangazi na kujitahidi kurudi kabla ya mvua ili wakalime. Kijana aliyefika pwani na kurejea alihesabiwa kuwa mtu mzima. Njia hiyohiyo ilipitishwa watumwa, na wao hawakurejea. Kwa hiyo mama wa Unyanyembe wa karne ya 19 aliyasikiliza mambo ya barabara kwa namna mbili kwa wakati mmoja, na sidhani kama usikivu huo umetoweka kabisa katika mkoa huu.

Reli ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Tawi la Mwanza lilikamilika 1928. Katika miaka hiyo ya 1920 Waingereza walifungua Tabora shule ya wavulana, ambayo mwanzoni ililenga watoto wa machifu, waliotakiwa kuja kutawala kwa niaba ya serikali. Msafara sasa ukawa unaingia. Vijana waliletwa Tabora kutoka pembe zote za Tanganyika, na miongoni mwao, mwaka 1937, alikuwamo Kambarage Nyerere wa Butiama.

Ningeruhusiwa kuchagua kisa kimoja cha mtoto mwenye kipaji wa Afrika Mashariki nikifanye tamthilia, ningeanza na utoto wake, lakini si ule wa kwenye picha za ukutani. Alizaliwa 1922, mtoto wa Mgaya Wanyang'ombe na Mtemi Nyerere Burito, katika boma lenye wake 22. Hebu fikirieni uani kwa watu hao wote: vikombe vya uji, zamu za kuteka maji, watoto wasiohesabika kwa haraka, na katikati yao mvulana mdogo mwenye maswali. Inasimuliwa kwamba Chifu Mohamed Makongoro Ihunyo wa Ikizu alikuwa akicheza bao na kijana huyo, akashindwa, na ndiye aliyemshauri Burito ampeleke shule. Sehemu nzima ya tamthilia imo humo: chifu mgeni ameshindwa na mtoto wa mwenyeji wake mbele ya watu, wazee hawajui wacheke au wanyamaze, na mtoto hajui kama amefanya jambo jema au ameaibisha boma.

Alikwenda Mwisenge, Musoma, mwaka 1934 akiwa na miaka 12, akafanya vizuri kiasi cha kupelekwa Tabora, na mwaka 1943 alikuwa Makerere. Baadaye, kuanzia 1946, alirudi Tabora kufundisha shule ya St. Mary's. Haya tunayajua, tumeyajibu kwenye mitihani. Historia hupenda kumfuata aliyepanda treni. Mimi huvutiwa zaidi na boma aliloliacha. Mwaka 1942, mwaka uleule kijana alipomaliza Tabora, Mtemi Burito alifariki, na aliyekalia kiti ni Wanzagi, mwanawe mwingine. Wakati mmoja alikuwa akisoma Kiingereza na hesabu chini ya miembe ya Tabora, mwingine alikuwa nyumbani akijifunza kuamua kesi za ng'ombe na mipaka. Akili za aina mbili zimekua katika ukoo mmoja, na ni moja tu iliyopewa cheti.

Malcolm in the Middle inalijua jambo hilo vizuri, na ndiyo sababu naiheshimu. Katika sehemu inayohusu viatu vya magurudumu, Malcolm anataka baba yake, Hal, amfundishe kuteleza. Hal, ambaye siku zote tunamwona mwoga na mzembe kidogo, kumbe ni bingwa wa mchezo huo. Mtoto anayezidisha tarakimu kubwa kichwani anakuwa mwanafunzi mzito, mwenye hasira, asiyetaka kufuata hatua za mwalimu wake. Katika sehemu nyingine darasa la wenye vipaji linafanya mandari, na Malcolm anatakiwa aonyeshe hesabu zake mbele ya watu. Kinachomwumiza ni kwamba ndugu zake watamwona. Shuleni amekubali kuitwa wa ajabu. Nyumbani alitaka abaki kuwa Malcolm tu. Ni uchungu wa kweli, na kichekesho hakiukwepi.

Kisha kuna fedha. Dewey anaiba chupa ya konyaki ya dola 150 dukani anakofanya kazi Lois, na mama anafukuzwa kazi. Nyumba inaingia dhiki, chakula kinakuwa mabaki yaliyokusanywa, na akili za Malcolm haziwezi kununua hata mkate. Vipindi vingi vinavyohusu watoto wenye vipaji hufanya kana kwamba kipaji kinaelea juu ya umaskini. Boomer alikifunga kwenye bili ya umeme. Mwaka 2000 alipata Tuzo ya Emmy kwa kuandika ile sehemu ya kwanza, na Todd Holland akapata yake kwa kuiongoza. Ilikuwa haki yao.

Tunavyo vyombo vya kufanya kazi kama hiyo? Bara ilichelewa kupata televisheni. Zanzibar ilikuwa na ya rangi tangu 1974. Sisi tulisubiri hadi 1994. Lakini kucheka kwa Kiswahili mbele ya kamera kulianza mapema zaidi, na kulipitia mikononi mwa kijana wa Tabora. Rashidi Kawawa, aliyesoma Tabora Boys, aliigiza katika filamu ya Muhogo Mchungu ya mwaka 1952, kisa cha mtu wa shamba anayekutana na Dar es Salaam. Miaka kumi baadaye, Januari 1962, alikuwa Waziri Mkuu. Shule iliyolenga kutoa watawala ilitoa pia mchekeshaji, kwa mtu huyohuyo mmoja, na nashangaa kwamba Tabora haijivunii jambo hilo zaidi.

Baada yake redio ilitulea na Pwagu na Pwaguzi. ITV ikatupa michezo ya Kaole iliyotukusanya sebuleni kwa majirani. Futuhi ya Star TV ilithibitisha kwamba Mwanza inaweza kuichekesha nchi bila kuomba ruhusa Dar es Salaam. Steven Kanumba katika Uncle JJ aliwaweka watoto wawili katikati ya kichekesho, nao wakambeba mtu mzima hadi mwisho. Kenya walikuwa na Machachari ya Citizen TV, ambamo watoto wa mtaa walikuwa ndio wenyeji wa hadithi. Na tangu 2014 Ubongo Kids, katuni iliyobuniwa Dar es Salaam, imekuwa ikifundisha hesabu na sayansi kwa nyimbo. Naipenda Ubongo. Watoto wake wana akili na udadisi bila kufanywa malaika.

Pamoja na yote hayo, katika niliyoyaona, mtoto wetu wa kwenye skrini amekuwa ama mtundu, ama yatima wa kuliliwa, ama mwanafunzi wa kufundishwa. Yule aliyefaulu kupita wote, ambaye kufaulu kwake kumeitikisa nyumba, bado hajapata kipindi.

Wala hatuna haja ya kwenda mbali kutafuta namna ya kumchekesha mtazamaji. Njia ya misafara ilituachia utani. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani hadi leo, na wengi walioandika kuhusu utani wanauhusisha na safari zile: aliyekuwa mbali na kwao alihitaji mwenyeji wa kumlisha, kumuuguza akiugua, na kumzika akifa. Ruhusa ya kutaniana bila kukasirika ilikuja pamoja na wajibu huo. Kichekesho kinachokulazimu kumzika unayemcheka kina uzito ambao vicheko vya kurekodiwa haviwezi kuupata. Boomer naye, kwa njia yake, aliviondoa vicheko vya kurekodiwa katika kipindi chake.

Nyumba ninayoifikiria iko Ng'ambo, Tabora mjini. Ni nyumba ya bati yenye uani mmoja, vyumba viwili vya familia na vitatu vya wapangaji. Baba ni fundi baiskeli. Mama anauza karanga, michembe na, msimu ukifika, maembe. Bibi anaishi nao, na kwa kuwa bibi na mjukuu ni watani, yeye ndiye mwenye ruhusa ya kusema yale ambayo wazazi hawathubutu. Mjukuu wa kiume kwake ni "mume wangu", na akirudi na alama mbaya anatishiwa talaka. Mpangaji wa chumba cha mwisho ni Mzaramo mstaafu wa reli aliyehamishiwa Tabora zamani na hakuondoka tena. Kila asubuhi wanaanza yeye na bibi, na wakati wa msiba yeye ndiye wa kwanza kufika.

Mtoto mwenye kipaji ni binti. Amepangiwa Tabora Girls. Katika hilo kuna bahati kubwa ya mtunzi: bweni liko mji uleule. Mama anaweza kupita barabara ya shule na beseni lake kichwani, lakini hawezi kuingia mpaka siku ya kutembelewa. Binti yuko karibu kuliko gulio la Jumamosi na hata hivyo hayupo. Sahani yake haipo mezani, zamu yake ya maji imegawanywa, na mdogo wake amehamia kitandani kwake usiku wa kwanza kabla godoro halijapoa. Matatizo yote ambayo familia ilikuwa ikimwachia yeye, kusoma mkataba wa mpangaji, kupiga hesabu ya deni la baba, kujaza fomu ya bima ya afya ya bibi, sasa lazima yatatuliwe na watu ambao hawajawahi kuaminiwa kuwa na akili. Watayatatua vibaya mwanzoni. Nusu saa moja kwa kila tatizo inatosha.

Ndani ya bweni nako kuna upande wake. Binti aliyekuwa wa kwanza tangu chekechea anaamka katikati ya wasichana ambao kila mmoja alikuwa wa kwanza kwao: wa Kahama, wa Bukoba, wa Mbeya, wa Tanga. Matokeo ya mtihani wa kwanza yakibandikwa, yeye ni wa 31. Siku ya kutembelewa mama amekuja na kuku wa kukaanga na swali moja tu, na binti lazima aamue aseme nini. Sehemu hiyo ningeomba iandikwe na mtu aliyepitia, kwa sababu mwingine ataifanya somo la kujitahidi, na wakati ule mtoto hahitaji somo. Anahitaji mama ale naye kuku, amsute kidogo kwa kukonda, amweleze kwamba Mzaramo na bibi wamegombana tena.

Malcolm huzungumza na kamera. Ndiye anayetusimulia nyumba yake. Katika msimu wa Tabora ningemnyima binti nafasi hiyo. Ningempa kaka yake, yule wa shule ya kata, anayejua kushona tairi na kumtuliza baba akikosa wateja, na ambaye siku ya kuripoti ndiye aliyebeba tranka. Anampenda dada yake na amemchoka. Anajua bei ya kila kitu kilichouzwa ili aende. Watazamaji wengi wa nchi hii ni yeye, kwani katika kila nyumba iliyotoa mtoto mmoja wa vipaji maalumu kuna wengine watatu au wanne waliobaki, nao hawajawahi kusikia mtu akizungumza kwa sauti yao kwenye televisheni.

Gharama yake si ya kutisha: nyumba moja, uani mmoja, lango la shule, karakana ya baiskeli chini ya mwembe, na waigizaji saba au wanane wanaojua Kiswahili cha bara chenye lafudhi ya Kinyamwezi bila kukifanyia mzaha. Kazi ngumu ni miswada. Boomer aliichota hadithi yake kwenye utoto wake mwenyewe, na kwetu waliopita mabweni ya Tabora Boys na Tabora Girls wako kila mahali, mahakamani, hospitalini, vyuoni, kwenye vyumba vya habari. Wengine wanaandika. Vituo vya televisheni vinavyonunua tamthilia kwa wingi kutoka nje vinaweza kuwalipa wawili au watatu kati yao miezi sita, wakakaa Tabora mjini, wakaenda na kwa wazazi wao kuwauliza kaka na dada zao kilichotokea nyumbani mwaka ule walipoondoka.